Haramia Aliyezaliwa Februari 29

Leo nawaletea habari za kijana mmoja anayeitwa Frederic. Hajawahi kuishi popote ila jukwaani, lakini ana kesi ambayo wakili yeyote angeipenda. Frederic alipokuwa mtoto mdogo, baba yake alitaka ajifunze kazi ya kuongoza meli. Akamwambia yaya ampeleke kwa rubani, akaandikishwe uanagenzi. Yaya huyo, Ruth, alikuwa mzito wa kusikia, na kwa Kiingereza jina la rubani na jina la haramia yanakaribiana sana. Mtoto akaenda kuandikishwa kwa maharamia. Ruth alipotambua alichokifanya, aliona aibu kurudi kwa mwajiri wake, akabaki huko huko melini akiwafanyia kazi za nyumbani.

Mkataba ni mkataba. Frederic amekua kati ya maharamia, anawapenda mmoja mmoja, anawachukia wote kwa jumla kwa sababu ya kazi yao, na amewatumikia kwa uaminifu kwa kuwa ndivyo karatasi inavyosema. Pazia linapofunguliwa anatimiza miaka 21. Anawaaga wenzake, anawaambia bila kificho kwamba kuanzia kesho wajibu wake kama raia mwema ni kuwaangamiza, nao wanamwelewa kabisa, hata wanamhurumia. Anashuka pwani, anampata mchumba siku hiyo hiyo, Mabel, binti wa Meja Jenerali. Mambo yamenyooka.

Kisha usiku Mfalme wa Maharamia na Ruth wanamfuata na karatasi mkononi. Wameisoma upya. Haisemi mpaka atimize miaka 21. Inasema mpaka siku yake ya kuzaliwa ya 21. Na Frederic, masikini, alizaliwa tarehe 29 Februari, katika mwaka mrefu. Siku yake ya kuzaliwa huja mara moja kila miaka minne. Kwa hesabu hiyo ametimiza siku za kuzaliwa tano tu, na atakuwa huru mwaka 1940. Mchezo huu ulitungwa mwaka 1879.

Mtu mwingine angecheka, angeichana karatasi. Frederic anakubali. Wajibu ni wajibu. Anarudi kwa maharamia, na kwa kuwa sasa ni mtu wao tena, anaona ni lazima awape siri za baba mkwe wake mtarajiwa. Anamwomba mchumba wake amsubiri mpaka 1940, na binti anakubali, ingawa anakiri kwamba ni mbali kidogo.

Hiyo ndiyo The Pirates of Penzance, opereta ya Waingereza wawili: maneno ya W. S. Gilbert, muziki wa Arthur Sullivan. Opereta ni mchezo wa kuimba wenye mazungumzo katikati, wa kuchekesha, na kwa kawaida unaishia harusini. Sullivan alikuwa mwanamuziki wa heshima, mtunzi wa nyimbo za kanisani zinazoimbwa hadi leo. Gilbert naye aliwahi kuwa wakili kabla ya kuwa mwandishi, na wateja hawakuwa wengi. Ukiujua ukweli huo mdogo, mchezo mzima unakufungukia. Huyu ni mtu aliyekaa mahakamani akawasikiliza wenzake wakibishana juu ya maana ya sentensi moja, huku ndani ya sentensi hiyo kuna maisha ya mtu. Alichofanya ni kuchukua mabishano hayo na kuyatia midomoni mwa majambazi wenye huruma.

Ninayotaka kuizungumzia hasa ni filamu iliyotengenezwa kutokana na mchezo huu mwaka 1983. Lakini siwezi kuifikia filamu bila kupitia siku mchezo ulipozaliwa, kwa sababu hata hapo kalenda ilitawala.

Mwaka 1878 Gilbert na Sullivan walikuwa wametoa opereta nyingine, H.M.S. Pinafore. Iliwika London, ikavuka bahari, na huko Marekani ikawa kama homa. Watu waliiimba, waliipiga kwa vinanda, watoto wakaiigiza, makundi ya kanisa yakaiigiza, na mjini New York iliwahi kuonyeshwa katika majumba kadhaa kwa wakati mmoja. Watunzi wenyewe hawakupata hata senti. Sheria ya Marekani wakati ule haikulinda kazi ya mtunzi wa nje. Ulinzi huo ulikuja mwaka 1891. Kwa hiyo mtu yeyote mwenye jukwaa, kinanda na waimbaji angeweza kujichukulia Pinafore, na hakuwa amevunja sheria yoyote ya nchi yake.

Gilbert, Sullivan na meneja wao Richard D'Oyly Carte wakaamua kuwafuata wezi nyumbani kwao. Novemba 1879 waliwasili New York. Desemba wakaonyesha Pinafore yao wenyewe, ya halali, ili Wamarekani waone inavyotakiwa kuwa. Na wakiwa huko huko wakamalizia opereta mpya, ili ifunguliwe Marekani kabla mtu hajapata nafasi ya kuiba. Hawakuchapisha muziki wake. Somo lilikuwa limewaingia.

Sullivan alifika New York akagundua kwamba rasimu za muziki wa sehemu ya kwanza amezisahau Uingereza. Hakukuwa na ndege ya kuzileta kesho yake. Akaketi akaziandika upya kwa kumbukumbu. Wapiga ala nao wakamgomea: walisema muziki huu ni mkubwa, ni opera hasa, basi walipwe malipo ya opera. Sullivan akawajibu kwa upole kwamba sawa, wakiondoka ataagiza wapiga ala wa jumba la opera la Covent Garden waje kutoka London, na yeye mwenyewe atakaa kwenye kinanda kwa muda. Baadaye alikiri kwamba hayo yalikuwa maneno matupu. Wapigaji wakarudi kazini. Muziki wa ufunguzi ulikamilika alfajiri ya siku ile ile ya onyesho.

Hata hivyo, palikuwa na tatizo la pili. Kama mchezo ungeonyeshwa Marekani kwanza, wangepoteza haki zao Uingereza. Sheria ya Uingereza ilitaka uonyeshwe kwanza nyumbani. Sasa ufanyeje, mchezo uko New York, watunzi wako New York, na waimbaji wakubwa wako New York?

Kulikuwa na kikundi cha wasafiri kilichokuwa kikionyesha Pinafore huko Torquay, kusini magharibi mwa Uingereza. Tarehe 30 Desemba 1879, mchana, wasanii hao walikwenda mji wa jirani wa Paignton, wakapanda jukwaa dogo la Royal Bijou, wakaonyesha The Pirates of Penzance kwa mara ya kwanza duniani. Walikuwa wamefanya zoezi mara moja tu. Walivaa nguo za mabaharia za Pinafore, wakajifunga vitambaa kichwani ili wafanane na maharamia. Walishika karatasi mkononi wakisoma. Watazamaji walikuwa wachache. Usiku wa kesho yake, tarehe 31, New York ikapata ufunguzi wa fahari, Sullivan mwenyewe akiwaongoza wapigaji.

Kwa hiyo opereta inayomcheka kijana anayefungwa na tarehe, yenyewe ilizaliwa mara mbili kwa ajili ya tarehe. Yale ya Paignton hayakuwa sanaa. Yalikuwa ushahidi wa mahakamani uliofungwa vitambaa kichwani.

Haya, sasa turuke miaka mia moja.

Huko Uingereza haki za maneno ya Gilbert zilidumu mpaka mwisho wa 1961, miaka 50 baada ya kifo chake. Muda wote huo kampuni ya D'Oyly Carte ndiyo iliyozishikilia, na iliziangalia kama mtu anavyoangalia vyombo vya bibi yake: hakuna kugusa. Mwimbaji alisimama mahali pale pale aliposimama babu yake. Haki zilipokwisha, milango ikafunguka, lakini hakuna aliyeingia kweli kweli mpaka kiangazi cha 1980, na mtu huyo alikuwa Joseph Papp wa New York.

Papp ndiye aliyeanzisha tamasha la kuonyesha Shakespeare bure katika bustani ya Central Park. Watu walipanga foleni tangu asubuhi kupata tiketi ambayo haikulipiwa. Kiangazi kile, badala ya Shakespeare peke yake, akaweka The Pirates of Penzance, mwongozaji akiwa Wilford Leach. Kwa kuimba, akaacha masoprano wa opera akamchukua Linda Ronstadt, nyota wa roki na kantri, na Rex Smith, kijana ambaye picha zake zilibandikwa ukutani na wasichana wa shule. Mfalme wa Maharamia akawa Kevin Kline, ambaye wakati ule watu wa sinema hawakumjua. Muziki wa Sullivan ukapangwa upya na William Elliott kwa vinanda vya umeme na ngoma.

Wazee wa Gilbert na Sullivan walishika vichwa. Watu wengine wote walishangilia. Januari 1981 onyesho likahamia Broadway, likaendelea mara 787, na Kline akapata tuzo ya Tony ya mwigizaji bora wa mchezo wa muziki. Baada ya hapo, filamu haikukwepeka.

Ilipigwa katika studio za Shepperton, nje kidogo ya London, Leach akiwa mwongozaji tena, na karibu waigizaji wote wakuu wa Broadway wakarudi. Mpya mkubwa alikuwa Angela Lansbury, aliyepewa nafasi ya Ruth. Na hapa Leach akafanya uamuzi ambao kwangu mimi ndio unaoifanya filamu hii istahili kuzungumziwa redioni miaka 40 na ushee baadaye. Alikataa kwenda baharini.

Fikiria kishawishi alichokuwa nacho. Una kamera, una fedha za kampuni kubwa, una hadithi ya maharamia wa Penzance, huko Cornwall, na Cornwall ipo pale pale Uingereza na majabali yake na mawimbi yake. Mwongozaji wa kawaida angepeleka meli ya kweli kwenye maji ya kweli. Leach akajenga bahari ndani ya studio. Anga limechorwa. Miamba inajulikana kabisa kwamba imetengenezwa na fundi seremala. Mwanga ni wa jukwaani, rangi ni za peremende. Mabinti wa Meja Jenerali wanashuka ufukweni na miavuli yao, na huoni hata chembe moja ya mchanga iliyowaingia viatuni.

Wakosoaji kadhaa walilalamika kwamba hii si sinema, ni jukwaa lililopigwa picha. Mimi naona ndivyo ilivyopaswa. Frederic hawezi kuishi mahali penye upepo wa kweli. Mweke kijana huyu kwenye pwani halisi, yenye mwani na harufu ya samaki, halafu umlete mtu na karatasi amwambie atumikie mpaka 1940. Mtazamaji atamwona mpumbavu, au atasikitika, na vyote viwili vinaua mchezo. Ndani ya dunia ya mbao na rangi, ambapo kila kitu kimekubaliwa kwa makubaliano, hata mkataba wa kipuuzi una nguvu. Gilbert mwenyewe aliwaamuru waigizaji wake waseme upuuzi wote kwa uso mkavu, kama watu wanaoamini kila neno. Leach alihakikisha hata miamba ina uso mkavu.

Kline ameelewa hilo kuliko wote. Mfalme wake wa Maharamia ana shati lililofunguka kifuani, buti ndefu, na namna ya kuruka ya mtu aliyejifunza ushujaa kwa kutazama sinema za zamani za mwigizaji Errol Flynn. Anajirusha kwa kujiamini kabisa, na mwili wake mara kwa mara unakataa kumtii. Kinachochekesha ni kwamba hatambui. Akijikwaa, anainuka na heshima yake yote, kama vile kujikwaa kulikuwa kwenye ratiba. Na ndivyo alivyo mhusika mwenyewe: haramia ambaye kundi lake halipati faida kwa sababu lina kanuni ya kutowadhuru yatima. Maharamia wote ni yatima, wanajua uchungu wake. Habari imeenea baharini, na sasa kila meli wanayoikamata, kuanzia nahodha mpaka mpishi, wote ni yatima.

Meja Jenerali Stanley naye anatumia ujanja huo huo kuwaokoa binti zake. Anasema ni yatima. Ni uongo, na baadaye unamnyima usingizi. Usiku anakwenda, amevaa nguo za kulalia, kulia kwenye makaburi ya mababu. Lakini mababu hao si wake. Alinunua shamba lile juzi tu, kanisa bovu na makaburi yakiwa humo ndani, kwa hiyo kwa hati ya ununuzi mababu ni mali yake, na anaona amewaaibisha. Nadhani msikilizaji wa kwetu, aliyewahi kuona kesi ya ardhi yenye makaburi ndani yake, hahitaji kuelezwa utamu wa kipengele hicho.

George Rose ndiye Meja Jenerali wa filamu, Mwingereza mfupi, mnene kiasi, mwenye macho ya mtu anayetaka kupendwa. Wimbo wake wa kujitambulisha ndio maarufu kuliko yote katika opereta hii. Ni wimbo wa maneno mengi kwa pumzi chache: jenerali anaorodhesha kila anachokijua, historia, hesabu, viumbe, wachoraji, tungo za Wayunani, kwa kasi ile ile ya mtangazaji wa mpira pale mshambuliaji anapoingia kwenye eneo la hatari. Anajua kila kitu. Kitu kimoja tu hakijui, nacho ni vita. Rose anaimba bila kutoa jasho, na hasogei sana. Sura inabaki ya mwenyeji mkarimu, mdomo ndio unaokimbia.

Hapo naomba nisimame kidogo, kwa sababu wimbo ule una jambo linaloligusa bara letu, na mara nyingi watu wanaoupenda hawalitaji. Katika London ya 1880, msanii George Grossmith alipoingia jukwaani kama Meja Jenerali, watu walimwona Sir Garnet Wolseley: masharubu yale yale, mwendo ule ule. Wolseley ndiye aliyeongoza vita vya Waingereza dhidi ya ufalme wa Asante, katika Ghana ya leo, na Februari 1874 jeshi lake liliuchoma moto mji wa Kumasi. Mwaka 1879, mwaka huo huo Gilbert alipokuwa akiandika, Wolseley alipelekwa Afrika Kusini, kwa sababu mwezi Januari Wazulu walikuwa wamelivunja jeshi la Waingereza pale Isandlwana. Yasemekana alipousikia wimbo huo hakukasirika. Aliupenda, akawa anawaimbia watu wa nyumbani kwake.

Basi utaona kicheko hicho kinavyofanya kazi. Dola inajicheka yenyewe kwamba majenerali wake wanajua Kiyunani na hawajui bunduki, na kicheko hakiwazuii kwenda. Wolseley hakuwa jenerali wa kuchekesha. Kazi yake aliijua vizuri mno. Sisemi Gilbert alaumiwe kwa hilo. Nasema tu kwamba mimi ninapomtazama Rose akizungusha maneno yale kwa ustadi wote ule, nacheka, na nyuma ya kicheko naisikia Kumasi. Filamu haina la kusema juu ya hilo. Ni ya watu wa New York wa 1980, kwao Meja Jenerali ni mzee mpole wa kizamani tu.

Mtu ninayempenda katika filamu hii baada ya Kline ni Tony Azito, aliyecheza Sajenti wa polisi. Alikuwa mrefu, mwembamba, na viungo vyake vilijipinda kana kwamba hana mifupa. Polisi wa Penzance ni waoga. Mabinti wa Meja Jenerali wanawaaga kwa nyimbo tamu, wakiwahimiza waende wakafe kwa utukufu, na polisi wanaomba wasikumbushwe sehemu ya kufa. Wanaimba kwamba wanakwenda. Wanaimba tena kwamba wanakwenda. Jenerali anawaambia kwamba hawajaenda. Azito anacheza haya yote kwa magoti yanayokwenda upande mmoja na kiwiliwili kinachokwenda upande mwingine, uso ukiwa umebeba huzuni ya afisa aliyekosa kupandishwa cheo. Uoga wote wa kikosi umo magotini mwake. Kuna wacheza dansi wengi wanaoweza kuruka juu kuliko yeye. Sijui wengi wanaoweza kuanguka polepole kiasi kile.

Ronstadt, ambaye ndiye Mabel, anaimba vizuri na anaigiza kidogo. Amesimama kama mtu aliyeambiwa asiharibu nywele. Vinanda vya umeme vya Elliott vilikuwa vipya wakati ule. Leo ndivyo vinavyoizeesha filamu kuliko kitu kingine chochote, kuliko hata Sullivan wa 1879. Na kuna nyimbo zilizoletwa kutoka opereta nyingine za watunzi hao hao. Moja, ya maneno ya kasi, kutoka Ruddigore, inafaa sana, na nyingine ya Mabel, kutoka Pinafore, inachosha.

Sasa tuje kwenye msiba wenyewe. Filamu ilitoka Februari 1983. Kampuni ya Universal ilipata wazo: siku ile ile itakayoingia kwenye majumba ya sinema, ionyeshwe pia kwenye televisheni ya kulipia, ile ambayo mtu alilipa ili picha ifunguliwe nyumbani kwake. Leo jambo hilo halimshangazi mtoto wa miaka kumi. Mwaka 1983 lilikuwa matusi. Desturi ilikuwa kwamba filamu hukaa sinema kwanza, miezi kadhaa, ndipo iende kwingine. Wenye majumba waliona wanaambiwa wapike halafu mgeni alishwe kwa jirani. Wakaigomea. Wengi wao walikataa katakata kuionyesha, na ikafunguliwa katika kumbi zisizofika mia moja kwa Marekani nzima. Mapato yake ya sinema hayakufikia dola milioni moja. Mchezo uliojaza Broadway kwa karibu miaka miwili, ukiwa na nyota wake wale wale, ukaanguka kwa sababu ya siku uliyotoka.

Na hata bila mgomo, kulikuwa na mtu aliyekwisha kupita mbele. Mwaka 1982 Waaustralia walitoa The Pirate Movie, iliyochukua hadithi hiyo hiyo, ikaongeza vijana wazuri, nyimbo za disko na utani wa shule ya sekondari. Iliharakishwa ili itangulie filamu ya Papp. Haikuvunja sheria yoyote, kwa kuwa Gilbert na Sullivan hawakuwa tena na mwenyewe. Sikuombi uitazame. Ni vile tu kwamba, miaka mia moja na mitatu baada ya Paignton, bado palikuwa na mtu anayekimbizana na mwenziwe kuwahi jukwaa la maharamia hawa.

Universal wenyewe hawakujifunza, au pengine walijifunza wakasubiri. Aprili 2020, majumba ya sinema yakiwa yamefungwa kwa ugonjwa wa korona, kampuni hiyo hiyo iliipeleka filamu ya Trolls World Tour moja kwa moja majumbani mwa watu. AMC, wenye kumbi nyingi kuliko wote Marekani, wakatangaza kwamba hawataonyesha tena filamu za Universal. Ilikuwa ni ugomvi ule ule wa 1983, neno kwa neno. Tofauti ni kwamba mara hii ilipofika Julai walikaa mezani, wakakubaliana siku 17, kisha filamu iruhusiwe kwenda nyumbani. Siku 17, wala si miezi. Wenye majumba ya 1983 wangezirai.

Filamu ya Papp ilipata maisha yake polepole, kupitia televisheni na kanda za video. Vyama vya waigizaji wa ridhaa, katika nchi zinazozungumza Kiingereza, vilianza kumwiga Kline: shati wazi, buti, miruko. Ukienda leo kuona maharamia hawa katika ukumbi wa shule fulani, uwezekano ni mkubwa kwamba Mfalme utakayemwona ni mjukuu wa Kline, si wa D'Oyly Carte. Watu wale wale waliolalamikia kutoguswa kwa vyombo vya bibi sasa wana bibi mpya.

Kama utaipata, itazame mpaka mwisho. Polisi na maharamia wanakimbizana usiku, Leach anawatoa nje ya dunia yao ya mbao, na ghafla wanabomoa mlango wakajikuta jukwaani, katikati ya onyesho la watu wengine, mbele ya watazamaji waliovaa vizuri. Waimbaji wanashangaa, panga zinapigwa kati ya kamba za meli ya maboksi. Mtu asiyejua historia ataona ni vurugu tu za kufungia filamu, na kusema kweli vurugu zenyewe ni ndefu mno. Lakini onyesho linaloingiliwa na maharamia hao ni H.M.S. Pinafore.